Wimbo Uliomlaza Mlinzi

Haggai Sanga alinivutia kiti, akakifuta kwa mkono wa koti lake, kisha akabaki ameshika kitufe bila kukibonyeza. Ndiye fundi mkuu wa mitambo inayosoma miili yetu sisi marubani: mtu wa makamo, Mkinga, mpole kiasi cha kuudhi. Karakana yake zamani ilikuwa chumba cha kupozea maziwa, kabla jeshi halijalichukua shamba la ng'ombe na kuligeuza kiwanja cha ndege, na hadi leo ukikaa humo muda mrefu nguo zinanuka mtindi. Kiwanja chenyewe kila mtu anakiita Shamba la Maziwa. Jina la kijeshi lipo, ila analitumia Kanali peke yake.

"Afande, si lazima usikilize yote," akasema.

"Bonyeza, Haggai."

Akabonyeza. Sauti ya Luteni Yustina Chaula ikajaa chumbani, ikiimba.

Ulikuwa wimbo wa kusagia, ule ambao wanawake wa nyanda hizi waliuimba wakiwa wamepiga magoti mbele ya jiwe na ulezi: unasukuma, unavuta, unasukuma, unavuta. Maneno tuliyatunga wenyewe bwenini. *Jiwe zito, mkono mwepesi, mama mkwe hajashiba, saga tena.* Dakika za mwanzo aliimba vizuri, kwa ile sauti yake nene ambayo hukutegemea itoke kwa mtu mwembamba vile. Dakika ya tisa akaruka neno. Ya kumi na moja akawa anarudia mstari mmoja tu, mama mkwe hajashiba, mama mkwe hajashiba, akacheka kidogo kama mtu aliyeonja pombe ya ulanzi. Baadaye maneno yakamwishia, ukabaki mguno, lakini mguno wenye mwendo uleule wa jiwe. Ilipofika dakika ya kumi na tisa Haggai akazima.

"Baada ya hapo ni mlima," akasema.

Nikauliza swali ambalo jibu lake nililijua tangu siku mbili zilizopita, tangu tulipokuta mabaki. "Na Mlinzi?"

Akanigeuzia kioo cha mtambo. Palikuwa na mstari wa kijani, umenyooka toka mwanzo hadi mwisho. "Mlinzi huandika kila baada ya sekunde kumi. Ameandika mara mia moja na kumi na nne, na zote ni neno moja. Ametulia. Mrija wa hewa uliganda, afande. Msichana alikuwa anakosa hewa, na mtambo unaandika ametulia."

Nilitaka kulia ila sikuweza. Nilikuwa nimerusha ndege mara tano katika siku nne, na uchovu ukizidi hata machozi yanaona uvivu kutoka.

"Nilijua mnaimba," Haggai akasema, akiangalia viatu vyake. "Nilikuwa nawasikia kwenye kanda. Nilidhani mnafurahi."

* * *

Ngoja nieleze, maana raia wengi wanadhani vita hivi vinapiganwa na mitambo tu.

Vilianza hivyo kweli. Mwaka wa kwanza zilirushwa ndege zisizo na watu, na Shirikisho tunalopigana nalo likajifunza kuziita hewani kama mtu anavyoita kuku kwa punje. Zilivuka mto zikiwa zetu, zikageuka zikiwa zao. Akili ya mtu haitekwi kwa redio, kwa hiyo ikabidi waturudie binadamu. Zikaundwa ndege nyepesi za umeme, tunaziita mbayuwayu, zinazopita futi elfu ishirini na mbili juu, ambako mitambo ya Shirikisho haisikii. Kazi yake ni kupeleka damu na dawa kwenye hospitali iliyozingirwa ng'ambo ya bonde, na kurudi na majeruhi wawili wamelazwa nyuma. Huko kila kilo ina maana. Mwanamke mwenye kilo hamsini na tano, akikaa mahali pa mwanamume mwenye themanini na tano, anaacha nafasi ya chupa hamsini za damu. Ndiyo sababu tuliitwa. Walitukubali kwa mizani, si kwa haki, na wala hawakutuficha hilo.

Mlinzi ni utepe mdogo ndani ya kofia ya rubani. Unasikiliza moyo, jasho na pumzi. Kidole hakifai kupimia hewa kwenye damu kule juu, kwa sababu baridi inakifanya kama cha maiti, basi wahandisi wakaamua kuitegemea pumzi. Mlinzi akiona rubani ameshindwa, kwa kukosa hewa au kwa kupagawa na woga, anachukua usukani na kuirudisha ndege nyumbani. Ni kitu kizuri, sisemi uongo. Mwaka jana peke yake alirudisha wanaume watatu waliozimia, mmoja akikoroma.

Ila alifundishwa kwa miili ya marubani mia tatu na kumi na wawili, wote wanaume, kwa sababu ndio waliokuwepo. Mimi nikiwa nimetulia kabisa, ninawaza viazi vya chakula cha mchana, Mlinzi aliniona kama mwanamume anayemlilia mama yake. Safari moja kati ya tatu alitunyang'anya usukani na kuturudisha na damu yetu, na kwenye taarifa likaandikwa neno moja: HOFU. Ukipata HOFU tatu unavuliwa mabawa na kupelekwa jikoni. Wenzetu wa kikosi cha wanaume wakatuita Kikosi cha Geuka. Tukipita bwaloni, kuna mmoja alikuwa anageuza kijiko chake mezani, kinatazama mlangoni, wenzake wanacheka. Tuliandika barua kumi na moja. Jibu lilikuwa lilelile kila mara: wanawake wazingatie utulivu.

Mimi, Kapteni Subilaga Mwakibinga, ndiye niliyegundua dawa. Nilikuwa tayari na HOFU mbili, na siku hiyo nikiwa juu ya bonde, kwa woga wa kuonekana mwoga, nikajikuta ninaguna wimbo wa bibi yangu wa kusagia. Pumzi ikafuata jiwe. Moyo ukafuata pumzi. Mlinzi akanyamaza safari nzima. Niliporudi niliwafundisha wote, mmoja mmoja, wamepiga magoti juu ya blanketi bwenini, wanasukuma jiwe lisilokuwepo. Aliyeshindwa kushika mwendo nilimrudisha mwanzo. Kwa miaka miwili kikosi cha wanawake kumi na tisa hakikupata HOFU hata moja, na yule wa kijiko akaacha kijiko chake kilale kilivyo.

Aliyeshika mwendo upesi kuliko wote alikuwa Yustina. Nilimsifu mbele ya wenzake.

* * *

Mama yake alifika asubuhi iliyofuata, amejifunga khanga mbili kwa baridi ya uwanda ule. Nilimpokea kwenye chumba cha walinzi langoni.

"Kamwene, mama."

"Kamwene, mwanangu." Alikuwa hana machozi. Aliniangalia mabawa kifuani, kisha uso. "Wewe ndiye dada yake wa kazini? Aliniandikia habari zako. Alisema wewe ndiye uliyemfanya awe rubani."

"Ndiyo, mama. Pole sana."

"Nimeshapoa. Nina swali moja tu, halafu nirudi, nimeacha ng'ombe kwa jirani. Pale kijijini wako vijana waliotoka huku likizo. Wanasema wanawake wakifika juu wanaogopa, ndege zinageuka. Mwanangu aliogopa?"

Nilifungua mdomo. Jibu lilikuwepo, lilikuwa la neno moja tu, hapana. Lakini baada ya hapana angeniuliza, basi ikawaje?

"Uchunguzi haujaisha, mama," nikasema. "Ukiisha nitakuambia mwenyewe."

Akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyezoea ofisi. Nilijidharau wakati ule ule, na sitasema vinginevyo.

* * *

Kanali Ruhinda alikuwa na fomu mezani. Ni mzee wa haki kwa kiasi chake. Alitupinga mwanzoni, kisha akaacha kutupinga, na kwa mwanajeshi wa rika lake hiyo ni safari ndefu. Alikuwa amevimba macho. Hakuna aliyekuwa analala vizuri Shamba la Maziwa mwaka ule.

"Visanduku ni vitatu, Kapteni," akasema. "Sababu ya kifo. Adui. Mtambo. Hofu ya rubani. Kesho bodi inakaa, na wewe ndiye shahidi, uliyemfundisha. Sasa nisikilize. Hofu siwezi kuandika, nilimfahamu yule mtoto. Nikiandika Mtambo, makao makuu watauliza mtambo gani uliokosea, na Haggai atasema ukweli, maana hawezi kitu kingine. Watasikia kwamba wanawake wameilaghai kofia kwa nyimbo miaka miwili. Siku hiyohiyo mtafungiwa ardhini, nyote. Na mtakuwa mmewapa wale waliowacheka sababu ya kuwacheka mpaka wanastaafu."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo Adui. Kipande cha kombora kwenye mrija. Mama yake anapewa bendera na barua, ninyi mnaendelea kuruka. Haggai nitamwomba asiwepo."

"Hakuna adui aliyempiga, afande."

"Nani aliyemfanya awe kule juu? Si adui?" Akapangusa uso kwa viganja vyote viwili. "Binti yangu, mimi nimechoka, na wewe umechoka. Tusitafute usafi ambao vita havina. Ng'ambo kuna watu wanaingojea damu leo."

Nilitoka nikiwa nimekubali. Sitaki mtu aje aniambie nilikuwa shujaa. Nilipiga hesabu ya wepesi: uongo huu haumuumizi yeyote aliye hai, mama anapata faraja, wasichana wanabaki na mabawa yao. Nilitembea kuelekea bwenini nikiwa na nafuu, nafuu ile ya mtu anayeweka mzigo chini akijua bado hajafika.

Bwenini Luteni Tusajigwe, msaidizi wangu, alikuwa anakunja vitu vya Yustina. Nikamweleza. Hakuacha kukunja.

"Tia sahihi hiyo fomu, dada," akasema. "Tena upesi, kabla hujaanza kufikiri. Wewe ukifikiri tunakosa usingizi wote."

"Na wimbo?"

"Tutaimba tukiangalia mrija. Yustina hakuangalia."

"Tusa, ukikosa hewa huna habari kwamba huna hewa. Unafurahi. Utaangalia mrija na kuuona mzuri."

Akaiweka soksi moja juu ya nyingine, akazitazama.

"Basi tia sahihi hata hivyo," akasema, sauti imeshuka. "Mimi nikifungiwa nirudi wapi? Shemeji yangu alishaniambia, siku ukirudi bila mabawa usipite barazani kwangu, pitia uani."

* * *

Saa saba mchana Anyesi Luvanda alitua. Ndiye mdogo kuliko wote, ana miaka ishirini na moja, na siku hiyo aliigusisha ndege chini vibaya, gurudumu moja kwanza, kisha la pili, ikayumba hadi kwenye majani. Nilikimbia na mafundi. Tulipofungua kioo alikuwa ameketi, anatabasamu.

"Dada Subi," akasema, "nimeona ng'ombe angani. Wengi. Weupe."

Akacheka. Midomo yake ilikuwa na rangi ya zambarau. Nikamshika mkono, nikavua glavu: kucha zote za bluu. Mrija wake ulikuwa na barafu kwenye kiungo, nyembamba tu, lakini ya kutosha. Aliponea kwa sababu alikuwa amekwisha kuanza kushuka ilipoganda. Ingeganda nusu saa kabla, angekuwa mlimani na Yustina.

Nikaichukua kofia yake, nikasoma kioo kidogo cha pembeni. Ametulia. Ametulia. Ametulia.

Na yeye, akiwa amelazwa kwenye machela, hajui jina la siku, bado alikuwa anaguna. Unasukuma, unavuta. Nilikuwa nimemfundisha vizuri mno. Hapo ndipo nilipoona kwamba uongo wa Kanali ulikuwa na mtu wa kumuumiza, na mtu huyo alikuwa amelala mbele yangu anahesabu ng'ombe.

Nikaenda kufua kombati kwa ajili ya bodi.

* * *

Bodi ilikuwa ya watu watatu kutoka makao makuu, Kanali akiwa pembeni. Mwenyekiti, Brigedia mmoja mwenye miwani, alinisomea swali kama lilivyoandikwa. "Kapteni Mwakibinga, kwa ufahamu wako, nini kilisababisha kifo cha Luteni Chaula?"

Kanali alinitazama. Nikamtazama pia, nikamwomba radhi kwa macho, kisha nikasema.

"Mimi, afande. Nilimfundisha kuficha mwili wake kwa mtambo uliowekwa kumlinda."

Nikaeleza yote: jiwe, pumzi, HOFU mbili, barua kumi na moja, kanda, kucha za Anyesi. Nilichukua kama nusu saa. Hakuna aliyenikatiza, na hilo lilinitisha kuliko kufokewa.

"Kwa hiyo mmekilaghai kifaa cha usalama kwa miaka miwili," Brigedia akasema.

"Ndiyo, afande. Kifaa kilianza kutusingizia sisi."

"Mngeripoti."

"Barua ziko kwenye faili, afande. Ukurasa wa tatu hadi wa kumi na tatu."

Akafunua. Alisoma ya kwanza, akasoma jibu lake, akaruka hadi ya mwisho. Sikufurahi kumwona akiaibika. Ningefurahi miaka miwili nyuma.

Uamuzi ulitoka jioni ileile. Kikosi cha wanawake kinafungiwa ardhini hadi Mlinzi atakaposomeshwa upya. Sababu ya kifo: Mtambo. Mimi nimevuliwa uongozi wa kikosi, ila nimeachiwa mabawa. Kanali alinipita kwenye korido bila kusimama, kisha akarudi hatua mbili.

"Wanaume watabeba nusu ya damu mliyokuwa mnabeba," akasema. "Nataka ulijue hilo, kwa sababu mimi ninalijua."

"Ninalijua, afande."

"Basi tuko wawili."

Nilimpigia simu mama Chaula kabla sijavua viatu. Nikamwambia hakuogopa. Nikamwambia angeonekana ameogopa angerudi nyumbani, na kwamba kutokuonekana alifundishwa.

"Alifundishwa na nani?"

"Na mimi, mama."

Nilisikia ng'ombe upande wake, na mtu akiita kwa mbali. "Haya," akasema mwishowe. "Asante kwa kuniambia. Usinipigie tena." Sijampigia.

* * *

Kumsomesha Mlinzi si kazi ya kukaa kwenye kompyuta. Haggai alinieleza akiwa anachora kwenye karatasi ya kufungia vipuri. Mtambo unahitaji kuona mwili wa mwanamke ukiwa umetulia kweli, na kuuona ukishindwa kweli, mara nyingi, mpaka uweze kutofautisha. Kwa hiyo mtu anaingizwa kwenye chumba cha chuma, hewa inapunguzwa polepole kama vile anapanda, taa zinazimwa, kiti kinatikiswa, ving'ora vinapigwa, hadi anafika ukingoni. Kisha hewa inarudishwa. Halafu anarudia.

"Nianze mimi," nikasema. "Nifanye zote."

Haggai akatikisa kichwa. "Hapana, afande. Nikimsomesha kwa mwili wako peke yako nitakuwa nimerudia kosa lilelile. Kila msichana atalazimika kuwa wewe. Nawahitaji wote kumi na wanane."

Hilo ndilo lililokuwa gumu kuliko bodi. Ilibidi niende bwenini, bila madaraka, niwaambie watu niliowapigisha magoti kujifunza kuficha woga kwamba sasa inatakiwa waingie ndani ya pipa wakauonyeshe, mbele ya mafundi wanaume wenye kalamu. Tusajigwe alinigeuzia mgongo. Wengine wawili waliniuliza kama nina kichaa. Ila kesho yake Tusajigwe ndiye aliyekuwa wa kwanza mlangoni, amekunja uso, hataki kuzungumza na mimi.

Zilikuwa siku tisa. Kila asubuhi daktari wa ile hospitali ya ng'ambo ya bonde alisoma redioni orodha ya mahitaji: chupa ngapi, aina gani. Siku ya nne aliacha kusoma mahitaji, akasoma majina ya waliokufa. Nilisikiliza yote, nimesimama, kila siku. Sijui kama nilifanya vizuri au vibaya, na yeyote anayejua aje aniambie. Nilichojua ni kwamba sikuwa na haki ya kuondoka redioni.

Kila mmoja aliingia, akatoka ameonyesha kitu alichokuwa hajamwonyesha mtu. Mmoja alijikojolea. Mwingine alitukana fundi hadi fundi akaomba udhuru. Mimi, mara ya sita, nilimwita Yustina, sikumbuki, nilisikia baadaye kwenye kanda. Mstari wa Haggai ulianza kujifunza: ukawa kijani tukiwaza viazi, mwekundu tukizama. Mafundi wanaume, walioanza kwa kutabasamu pembeni, kufikia siku ya tano walikuwa wanaturudishia hewa mapema kuliko walivyoagizwa, na Haggai akawafokea, mara ya kwanza kumsikia akifoka.

Wa mwisho alikuwa Anyesi. Haggai alishamjaribu mara tatu, na mara tatu mstari umebaki kijani, umenyooka. Hewa inapungua, kucha zinabadilika, na mstari hausogei.

"Anaimba," Haggai akaniambia nje ya chumba. "Namwambia asiimbe, anasema haimbi. Nadhani hata hajisikii. Na bila yeye siwezi kufunga kazi, mwili wake ndio mdogo kuliko wote, ndio ulio mbali zaidi na yale niliyonayo."

Nikavaa barakoa ya msimamizi, nikaingia naye, mlango ukafungwa. Alikuwa amefungwa mikanda kitini, anaonekana mdogo kuliko umri wake. Nikachuchumaa mbele yake. Kiti kikaanza kutikisika, mshale wa hewa ukaanza kushuka. Nikausikia mguno, ndani kabisa ya koo.

"Anyesi. Unaimba."

"Siimbi, dada."

"Unasaga. Acha jiwe."

"Siwezi." Alinishika mkono, akaubana. "Nikiacha moyo unakimbia."

"Uache ukimbie."

"Wataona."

"Ndiyo kazi yao, waone."

"Watasema..." Hakumalizia. Macho yake yalikuwa yanatafuta mlango. "Dada Subi, ulituambia tusiwape woga wetu. Ulisema ukiwapa hata mara moja hawatakurudishia. Ulinipigisha magoti hadi saa sita usiku."

"Nilikosea, mdogo wangu," nikamwambia. Nilikuwa nalia ndani ya barakoa, kioo chake kikafunga ukungu, sikumwona vizuri. "Nilikosea, na mwenzako amekufa. Sasa nakuomba kitu kimoja. Ogopa."

Aliguna mara moja zaidi, mara mbili. Kisha mguno ukakatika katikati, na pumzi yake ikapasuka. Akaanza kuhema kama mtu aliyetolewa mtoni, akapiga mikanda kwa mabega, akaita mama, akaita jina la Mungu, akaniita mimi kwa jina langu bila dada na bila afande. Mkono wake uliniumiza vidole. Sikumnyamazisha. Kupitia ukungu na dirisha la chumba nilimwona Haggai ameinama juu ya mitambo, halafu akainua mkono wake juu, wazi, na taa ya Mlinzi juu ya mlango ikawaka nyekundu.

Hewa ikarudi kwa mvumo. Nikavua barakoa yangu nikamvalisha yeye, nikakishika kichwa chake kifuani kwangu hadi rangi iliporudi midomoni.